CCC, NYA na vituo vya Uingereza: mpango upi wa mafunzo kwa wasio na kazi unafaa kuigwa?

Uchumi ukiyumba, serikali nyingi hukimbilia mafunzo. Vijana wamejaa vijiweni, viwanda vinapunguza watu, basi inatangazwa programu ya ujuzi, watu wanaandikishwa, vyeti vinagawiwa. Baada ya miezi michache wenye vyeti wako palepale kijiweni. Kabla ya kuidhinisha fedha za programu nyingine ya namna hiyo, inafaa kuitazama miaka ya 1930. Wakati ule wa Mdororo Mkuu wa uchumi mataifa kadhaa yalilijaribu jambo hilihili kwa njia tofauti kabisa, kwa mamilioni ya watu, na tunajua liliishia wapi.

Hapa nalinganisha mipango minne: CCC (kambi za kazi za vijana) na NYA (kazi za muda kwa vijana karibu na kwao) za Marekani, vituo vya ufundi vya serikali ya Uingereza, na kambi za Uingereza zilizopewa jina la vituo vya maelekezo. Canada na Ujerumani nitazigusa kidogo kwa sababu zina onyo lake. Ninayemwandikia ni mtu anayekaa kwenye kamati ya vijana ya halmashauri au kaunti, bodi ya chuo cha ufundi, au taasisi ya dini yenye fedha kidogo na vijana wengi mlangoni. Msimamo wangu nauweka mapema: kabla ya kubishana kuhusu fani ya kufundisha, chunguzeni kama ipo kazi ya kuifanya mtu akishafundishwa. Jibu la swali hilo ndilo linalochagua mpango.

Hali zilivyotofautiana

Mwaka 1933 Marekani ilikuwa na watu takriban milioni 13 wasio na kazi, karibu mmoja katika kila wafanyakazi wanne. Benki zilikuwa zimefungwa, mashamba yamepigwa mnada, viwanda vimezimwa kuanzia pwani moja hadi nyingine. Kijana wa Pittsburgh hakuwa na sababu ya kuhamia Chicago, maana Chicago nako hali ilikuwa ileile.

Uingereza nayo ilikaribia watu milioni 3 waliojiandikisha kuwa hawana kazi Januari 1933, lakini shida yake haikuenea sawasawa. Machimbo ya makaa ya mawe ya South Wales na Durham, na viwanda vya meli vya Tyneside na Clydeside, vilikuwa hoi. Mji wa Jarrow, uliotegemea kiwanda kimoja cha meli, ulibaki mikono mitupu kilipofungwa, na Oktoba 1936 wanaume wapatao 200 walitembea kwa miguu kutoka huko hadi London kupeleka ombi lao bungeni. Wakati huohuo, kandokando ya London na katika Midlands, viwanda vya magari, redio na vifaa vya umeme vilikuwa vikipanuka na kutafuta watu wa kuviendesha. Nchi moja ilikuwa na njaa ya kazi upande mmoja na upungufu wa mafundi upande wa pili.

Tanganyika ya wakati ule haimo kwenye ulinganisho huu kwa sababu haikuwa na mpango wa kulinganisha. Bei ya mkonge ilipoanguka, vibarua wa mashamba walirudi vijijini, na serikali ya kikoloni ikawahimiza wananchi walime zaidi mazao ya kuuza. Kodi iliendelea kudaiwa.

CCC: mshahara kwanza, ujuzi baadaye

Franklin Roosevelt aliapishwa tarehe 4 Machi 1933. Sheria iliyozaa Civilian Conservation Corps ilisainiwa 31 Machi, kambi ya kwanza ikafunguliwa 17 Aprili katika msitu wa George Washington jimboni Virginia, na kufikia Julai vijana zaidi ya 250,000 walikuwa makambini. Kasi hiyo haikutokana na miujiza. Hawakuunda wizara mpya wala kununua magari mapya ya wakurugenzi. Wizara ya Kazi ilichagua vijana, jeshi likawasafirisha, likawalisha na kuwapa malazi, na idara za misitu na ardhi zikapanga kazi ya kufanya. Mkurugenzi wake, Robert Fechner, alitoka katika uongozi wa chama cha wafanyakazi, jambo lililosaidia kuwatuliza wanachama waliohofia kwamba malipo madogo ya kambini yangeshusha ujira wa kila mtu.

Aliyepokelewa alikuwa kijana wa kiume asiyeoa, mwanzoni wa miaka 18 hadi 25, kwa kawaida kutoka familia iliyokuwa ikipokea msaada. Alilipwa dola 30 kwa mwezi, na katika hizo dola 25 hivi zilitumwa nyumbani kwao moja kwa moja. Hapa ndipo ninapouheshimu sana mpango huu. Mama aliyebaki Ohio au Alabama na watoto wadogo alikuwa na fedha ya chakula kila mwezi, tena fedha iliyotokana na jasho la mwanawe, na kijana mwenyewe akala milo mitatu, akapata viatu na daktari. Mafunzo yoyote yanayomtaka mtu mwenye njaa akae darasani bila kumjali aliyemwacha nyumbani humpoteza mtu huyo wiki ya pili. Anayeendesha chuo cha ufundi anaijua orodha ya mahudhurio inavyokatikakatika mwisho wa mwezi.

Ufundishaji ulianza kama nyongeza. Waliajiriwa wenyeji wazoefu wa misitu wapatao 25,000 wawaelekeze vijana wa mjini jinsi ya kushika shoka, kuangusha mti bila kuumiza mtu, kuzima moto wa nyika. Baadaye makambi yakapewa washauri wa elimu, na masomo yakafanyika jioni baada ya kazi: kusoma, hesabu, kupiga chapa, umakanika. Vijana zaidi ya 40,000 walioingia bila kujua kusoma na kuandika walitoka wakijua. Hata hivyo naamini shule yenyewe ilikuwa kazi ya mchana. Kuendesha lori na trekta, kulipua mwamba, kujenga daraja la mawe, kupikia kambi ya watu 200 bila kuunguza wala kupunja: haya kijana aliyajifunza kwa kuyatenda chini ya mtu anayeyajua. Ukumbi wa wazi wa Red Rocks karibu na Denver, ambao hadi leo watu huuendea kusikiliza muziki, ulijengwa na vijana hao. Hadi mpango ulipofungwa mwaka 1942 walikuwa wamepita watu karibu milioni 3, na miti waliyopanda hukadiriwa kuwa bilioni 3.

Je, walipata kazi walipotoka? Wachumi wa Marekani wamefuatilia kumbukumbu za vijana wa CCC wa Colorado na New Mexico hadi mwisho wa maisha yao, na walichokikuta kinastahili kusomwa na kila mfadhili. Kwa muda mfupi, waliokaa kambini zaidi hawakuwa na bahati kubwa ya ajira kuliko waliokaa kidogo. Lakini kadiri kijana alivyokaa zaidi, ndivyo alivyoishi miaka mingi zaidi na kupata kipato kikubwa zaidi kwa kujumlisha maisha yake yote. Mpango huu ungepimwa kwa kipimo tulichozoea, yaani asilimia ya walioajiriwa baada ya nusu mwaka, ungeandikiwa ripoti kwamba umeshindwa.

Doa lake ni kubwa na lisifichwe. Wasichana hawakupokelewa. Vijana weusi wapatao 200,000 walipitia CCC, lakini wengi wao waliwekwa kambi za peke yao, na Fechner mwenyewe aliunga mkono utengano huo.

Kambi zinazofanana kwa macho tu

Ukitazama picha za vituo vya maelekezo vya Uingereza unaweza kudhani ni CCC: wanaume, mabanda, msitu, sululu. Vilianza mwaka 1929, na hadi vita vya 1939 watu karibu 200,000 walikuwa wamepitia. Muda ulikuwa wiki 12. Vilikuwa mbali na miji, kama Hamsterley huko Durham, Glenbranter huko Scotland, na Brechfa huko Wales, na kazi ilikuwa kuchimba mitaro, kuvunja mawe, kufyeka na kutengeneza barabara za msituni.

Tofauti iko kwenye nia na malipo. Wakubwa wa Wizara ya Kazi waliamini kwamba mtu aliyekaa muda mrefu bila ajira amelegea, kwa hiyo akomazwe mwili na nidhamu irudi, kisha ajira itamjia. Hakulipwa mshahara. Alipata chakula, malazi na hela kidogo ya mfukoni, na kuna vipindi ambapo aliyekataa kwenda aliweza kunyimwa posho yake ya ukosefu wa ajira. Hakufundishwa fani. Mchimba makaa wa Durham aliyefanya kazi chini ya ardhi tangu utotoni alipelekwa kujifunza kuchapa kazi! Waliopata ajira kwa sababu ya kituo walikuwa wachache mno, na vuguvugu la wasio na kazi lililoongozwa na Wal Hannington liliziita kambi za watumwa. Sioni sababu ya kubishana nalo. Mpango huu ulimtibu mtu kwa ugonjwa uliokuwa wa mji wake.

Canada ilifika mbali zaidi katika kosa hilo. Kuanzia 1932 jeshi lilisimamia kambi za wanaume wasio na mke, kazi wala familia, likawalipa senti 20 kwa siku. Mwaka 1935 wengi wakaziacha kambi za British Columbia, wakapanda mabehewa ya mizigo kuelekea Ottawa kudai ujira halisi, wakazuiwa katika mji wa Regina, na tarehe 1 Julai pakazuka ghasia za umwagaji damu. Mwaka uliofuata kambi zikafungwa. Kumbuka kwamba CCC nayo iliendeshwa na jeshi, kwa hiyo sare na paredi peke yake hazielezi ghadhabu ile. Dola moja kwa siku inayofika kwa mama, na senti 20 zisizofika kwa yeyote, zinaieleza vizuri zaidi.

Ujerumani ilianza na huduma ya kazi ya kujitolea mwaka 1931. Tarehe 26 Juni 1935 Hitler akaifanya ya lazima kwa vijana wa kiume, miezi sita, majembe yakibebwa begani kama bunduki. Kilichokuwa msaada kwa wasio na kazi kikawa maandalizi ya vita. Kwa mwenye kuchagua mpango leo, funzo ni la vitendo: andikeni kwenye kanuni kwamba kuingia na kutoka ni hiari ya mtu.

Vituo vya ufundi: vizuri, vidogo, vya wachache

Uingereza hiyohiyo ilikuwa na mpango mwingine ambao hausemwi sana. Vituo vya Mafunzo vya Serikali vilianza katikati ya miaka ya 1920, vya mwanzo vikiwa Birmingham na Wallsend, kisha vikaongezwa vingine, vikiwemo vya Slough na Park Royal, jirani kabisa na viwanda vipya. Kozi ilikuwa ya miezi sita hivi. Mtu alijifunza useremala, uashi, kukereza vyuma, kuchomelea, kunyoosha bodi za magari, kushona viti. Mazingira yalifanana na karakana halisi, saa za kazi zikiwa za kiwandani na mwalimu akiwa fundi aliyetoka kiwandani.

Katikati ya miaka ya 1930 uchumi ulipoinuka, walio wengi sana kati ya waliomaliza waliajiriwa. Ukitazama takwimu za ajira peke yake, hakuna mpango mwingine kati ya hii minne unaokaribia. Sababu zake ziko wazi. Waombaji walichujwa. Idadi ya waliopokelewa ilifuata nafasi zilizokuwepo sokoni, si wingi wa watu waliokuwa mlangoni. Fani zilichaguliwa kwa kutazama kiwanda gani kinaajiri. Baada ya kozi serikali ilimtafutia mtu mahali na kumhamisha.

Lakini hizohizo ndizo sababu za kukitilia shaka kituo cha aina hii pale ambapo kila kitu kimesimama. Kilichukua maelfu wakati wasio na kazi walikuwa mamilioni. Vyama vya mafundi, hasa vya ujenzi, vilikipinga, kwa hoja inayoeleweka: mwanachama wangu aliyesota miaka mitano ya uanagenzi anakaa bila kazi, nawe unaleta fundi wa miezi sita? Tena kijana wa Wales aliyefaulu aliishia Slough. Yeye aliokoka, mji wake ukabaki na wazee. Halmashauri inayofikiria kuiga mfumo huu ijiulize kama iko tayari kuwafundisha vijana wake ili waondoke. Wakati mwingine jibu ni ndiyo, na hakuna aibu, lakini lisemwe wazi tangu mwanzo mbele ya wazazi.

NYA: kwa anayelala kwao

Siku ileile ya 26 Juni 1935, Roosevelt alianzisha National Youth Administration, iliyoongozwa na Aubrey Williams. Ilipokea vijana wa miaka 16 hadi 25, wa kike na wa kiume. Ilikuwa na mikono miwili. Mwanafunzi wa sekondari aliyekaribia kuacha shule kwa umaskini alipewa kazi ndogo shuleni, katika maktaba, maabara au jikoni, kwa malipo ya hadi dola 6 kwa mwezi, na wa chuo kikuu akapata zaidi. Aliyekwisha kuacha shule alipewa kazi ya muda wa nusu siku au siku chache kwa wiki karibu na kwao, pamoja na mafunzo.

Fedha ilikuwa ndogo kuliko ya CCC, na ubora ulitegemea sana nani anaongoza jimboni. Texas ilimpata Lyndon Johnson, kijana wa miaka 26 wakati huo, aliyewapa vijana kazi ya kujenga viwanja vya kupumzikia kandokando ya barabara kuu. Kitengo cha vijana weusi kilikuwa chini ya Mary McLeod Bethune, mwalimu aliyezaliwa na wazazi waliowahi kuwa watumwa, ambaye alihakikisha vyuo vya watu weusi vinapata fungu lao. Vita ilipokaribia, karakana za NYA ziligeukia ufundi wa viwanda vya ndege na meli, na sasa mafunzo yakakutana na kazi halisi. Mwaka 1943 ikafungwa, viwanda vikiwa vimemeza karibu kila mtu.

Nikiwaza kuhusu binti wa Mbagala au Mathare aliyejifungua akiwa na miaka 17, kambi ya msituni haimfai hata ikilipa vizuri, na kituo cha Slough hakimchukui. Mpango unaompa kazi ya saa nne karibu na anapolala, malipo kidogo kila wiki na fundi wa kumwelekeza, huo anaweza kuufuata. Uingereza ya miaka ya 1930 iliwapa wanawake mlango mmoja tu mkubwa: mafunzo ya kazi za ndani. Wanawake waliokuwa mafundi wa vitambaa Lancashire walifundishwa kupika na kusafisha nyumba za wengine, na wengi walikataa. Programu yoyote ya leo inayowapangia wasichana ushonaji na mapishi pekee, bila kuwauliza, inarudia jambo lile.

Kuchagua

Kama wilaya yako imesimama yote, ukame umeua mifugo au kiwanda kikuu kimefungwa na hakuna jirani anayeajiri, chukueni njia ya CCC. Lipeni ujira unaofika nyumbani, fanyeni kazi inayobaki: mabwawa, matuta ya kuzuia mmomonyoko, miti, barabara za mashambani. Tanzania ina JKT (Jeshi la Kujenga Taifa) tangu 1963 na Kenya ina NYS (huduma ya vijana kwa taifa) tangu 1964, kwa hiyo mifupa ya mpango kama huo ipo. Kazi Mtaani ya Kenya, iliyoanzishwa mwaka 2020 wakati wa Korona, ilipata nusu ya fikra hiyo: ililipa vijana wa mitaa duni kusafisha mifereji na kufyeka. Iliyokosekana ni fundi wa kusimama na kila kundi, kama wale wenyeji 25,000 wa misitu ya Marekani. Kijana aliyezibua mfereji miezi sita angeweza kutoka akijua kuujenga.

Kama kuna waajiri wanaotafuta mafundi na hawawapati, jengeni karakana ndogo karibu nao, chujeni waombaji, na msiandikishe mtu zaidi ya nafasi mlizoahidiwa kwa maandishi. Kishawishi cha kuongeza idadi ili picha za mahafali zipendeze kitakuwa kikali. Kikatalieni.

Kama walio wengi mlangoni ni wasichana, wanafunzi wanaokaribia kuacha shule, au watu wenye wategemezi wasioweza kuhama, NYA ndiyo kielelezo, na sehemu kubwa ya bajeti iende kwenye malipo ya kila wiki na kwa mafundi wa mtaani watakaowapokea, badala ya kumbi za semina.

Na mtu akija na pendekezo la kambi ya kuwatia vijana adabu kwa wiki 12, bila mshahara na bila fani, mwombeni aonyeshe majina ya waajiri wanaowasubiri siku ya 85. Asipokuwa nayo, fedha ibaki benki.